Chumba Chenye Wenyewe: Sayansi ya Vitisho vya Usiku Hotelini

Ni nadra kupata mji wenye nyumba kongwe za wageni usiokuwa na chumba kinachosimuliwa. Mgeni mmoja husema amesikia hatua za miguu darini. Wa pili husema amekabwa kifuani hata akakosa pumzi. Wa tatu huapa kwamba amemwona mtu mweusi amesimama kando ya kitanda. Na wa nne huamka asubuhi kichwa kikimwanga kana kwamba amepigwa rungu. Wenyeji huteremsha sauti na kusema kwamba chumba hicho kina wenyewe.

Makala haya hayakusudii kumcheka mtu aliyeogopa. Hofu yake ni ya kweli, na aghalabu alichokisikia amekisikia kweli. Suala ni chanzo chake. Uchunguzi wa kisayansi unaonyesha kwamba vitisho vingi vya namna hii hutokana na vyanzo vinne. Vitatu kati ya hivyo havimdhuru mtu. Cha nne huua, na bahati mbaya ni kwamba hicho ndicho kisicho na sauti, rangi wala harufu. Kwa hiyo kuvitenganisha vyanzo hivyo si mchezo wa wasomi. Ni jambo la uhai.

MFANO WA MSAFIRI

Msomaji amfikirie mfanyabiashara anayesafiri mwezi wa Julai kwenda Njombe, katika nyanda za juu za kusini mwa Tanzania, ambako usiku wa kipupwe baridi huwa kali. Mtu huyu ni wa kubuni, lakini kila jambo litakalompata huwapata wasafiri wengi. Anawasili jioni akiwa amechoka kwa safari ya basi, anapanga chumba katika nyumba ya wageni iliyoezekwa kwa bati, naye mhudumu anamwonea huruma na kumletea jiko la mkaa.

"Shikamoo, baba. Nimekuletea moto kidogo. Makaa yamekwisha kolea, hayana moshi."

"Marahaba, mwanangu. Ahsante sana."

Msafiri anafunga dirisha, anasukumia kitambaa chini ya mlango ili upepo usipenye, kisha anajilaza. Haupiti muda mrefu anasikia mlio darini: ta, ta, ta, mfano wa mtu anayetembea kwa hadhari. Usingizi hauji, kila anaposinzia anagutuka. Saa nane usiku anafumbua macho na kuona kwamba hawezi kusogeza hata kidole. Kivuli kirefu kimesimama kando ya kitanda, na uzito unamshukia kifuani. Anataka kupiga kelele, sauti haitoki. Mara kivuli kinatoweka na viungo vinarudi. Anaruka kitandani, kichwa kinamgonga, magoti yamelegea, moyo unamchafuka. Anaufungua mlango kwa kishindo, anatoka uani, na kuketi huko katika baridi mpaka alfajiri.

Asubuhi mhudumu anamwambia kwa sauti ya chini: "Pole sana, baba. Chumba hicho namba saba kina wenyewe."

Katika usiku huo mmoja vimekutana vyanzo vyote vinne. Yafaa vichambuliwe kimoja kimoja.

HATUA ZA MIGUU DARINI

Chanzo cha kwanza ni nyumba yenyewe. Takriban kila kitu kigumu hutanuka kikipata joto na kusinyaa kikipoa. Bati ni chuma chembamba kilichopakwa zinki, na chuma hutanuka kwa kiasi cha sehemu 12 katika milioni kwa kila nyuzi 1 ya joto. Kiasi hicho chaonekana kidogo mno, lakini hesabu ifuatayo itaonyesha nguvu yake. Bati lenye urefu wa mita 3, likipoa kwa nyuzi 40 tangu jua la mchana hadi baridi ya usiku, hufupika kwa karibu milimita 1 na nusu. Kupoa kwa kiasi hicho si jambo la ajabu, kwa sababu bati lililopigwa na jua huwa na joto kupita hewa iliyolizunguka, na usiku usio na mawingu hulitupa joto lake angani hata likawa baridi kuliko hewa hiyo.

Sasa bati halikulala bure juu ya nyumba. Limepigiliwa misumari kwenye papi. Linapotaka kusinyaa, misumari na msuguano hulizuia. Nguvu hujikusanya kidogo kidogo, na inapouzidi msuguano bati huteleza ghafla na kutoa mlio. Kisha hushikwa tena, na mambo huanza upya. Mlio hutokea mahali pamoja, halafu pengine, kwa vituo vinavyokaribia kulingana, na dari iliyo chini yake hukuza sauti mithili ya ngozi ya ngoma. Sikio la mtu aliye gizani, ambalo tangu utotoni limezoea kutambua mwendo wa binadamu, husikia hatua za miguu. Mbao za kenchi nazo hulia zinapobadilika unyevu, na mabomba ya maji hugonga ukuta maji yanapokatwa kwa ghafla.

Milio ya paa ina ratiba yake. Huzidi baada ya jua kuzama, na hurudi baada ya jua kuchomoza wakati bati linapotanuka. Atakayesikiliza kwa siku mbili katika majira ya kiangazi ataweza kuitabiri.

USINGIZI WA NUSU UBONGO

Lakini kwa nini msafiri asikie milio ambayo huenda anailalia kila siku nyumbani kwake? Jibu limo katika ubongo. Tangu miaka ya 1960 watafiti wa usingizi walitambua kwamba mtu anayelala mara ya kwanza katika maabara yao hulala vibaya: huchelewa kupata usingizi, huamka mara nyingi, na usingizi wake mzito hupungua. Hali hiyo wakaiita athari ya usiku wa kwanza, na kwa miaka mingi waliyatupa tu matokeo ya usiku huo.

Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha Brown, Marekani, walieleza jambo lililofichika humo. Walipima utendaji wa pande zote mbili za ubongo wa watu waliolala mahali pageni, wakaona kwamba katika usingizi mzito upande wa kushoto haukuzama kama upande wa kulia. Sauti isiyo ya kawaida ilipopigwa karibu na sikio la kulia, ambalo hupeleka habari zake zaidi upande huo wa kushoto, waliolala waliamka upesi zaidi. Walipolala huko mara ya pili tofauti hiyo ilitoweka.

Pomboo hulala kwa nusu ya ubongo huku nusu nyingine ikikesha, ili waendelee kuogelea na kupumua. Binadamu hafikii kiwango hicho, lakini mahali pageni ubongo wake huweka kitu kama mlinzi wa zamu. Mlinzi huyo hajui tofauti ya mlio wa bati na mlio wa mwizi. Kazi yake ni kuamsha. Basi msafiri asilaumu chumba. Mlinzi wake mwenyewe ndiye asiyemwacha alale, na usiku wa pili au wa tatu atampumzisha.

JINAMIZI

Chanzo cha tatu ndicho kinachotisha kupita vyote, nacho kina jina katika lugha yetu tangu kale: jinamizi.

Mwaka 1953 Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago walitangaza kwamba katika usingizi kuna vipindi ambavyo macho huenda mbio chini ya kope zilizofumba. Waliowaamsha katika vipindi hivyo mara nyingi walisimulia ndoto. Mnamo mwaka 1959 Michel Jouvet na wenzake wa Lyon, Ufaransa, waliochunguza paka, walieleza jambo la pili: katika vipindi hivyo hivyo ubongo huwa macho kabisa, lakini misuli ya mwili hulegea kama ya maiti. Shina la ubongo hutuma amri katika uti wa mgongo, na amri hiyo huzizuia neva zinazoendesha misuli. Macho na msuli mkuu wa kupumulia huachwa vifanye kazi. Faida yake ni dhahiri: mtu aotaye anakimbizwa na simba hatoki kitandani na kujigonga ukutani.

Kwa kawaida kuamka na kufunguliwa kwa misuli hutokea kwa pamoja. Mara nyingine saa hizo mbili hupishana. Akili huamka, macho hufumbuka, chumba huonekana, lakini misuli bado imefungwa na ndoto bado haijakoma. Mtu huona kitanda halisi na mlango halisi, na juu yake huona mabaki ya ndoto. Kwa kuwa sehemu za ubongo zinazoshughulika na hofu huwa zinafanya kazi kwa nguvu wakati huo, mabaki hayo huchukua sura ya adui. Pumzi yake ni ya juu juu kwa kuwa misuli ya mbavu imelegea. Anapojaribu kuvuta pumzi kubwa na kushindwa, huhisi kwamba ameketiwa kifuani. Hali hii hudumu kwa sekunde chache au dakika chache, kisha hufunguka yenyewe.

Mapitio ya tafiti yaliyochapishwa mwaka 2011, yaliyojumlisha zaidi ya watu 36,000, yalionyesha kwamba watu wapatao 8 katika kila 100 wamewahi kufikwa na hali hii walau mara moja maishani. Miongoni mwa wanafunzi idadi ilikuwa 28 katika kila 100. Si ajabu, kwa sababu jinamizi hupenda mtu aliyekosa usingizi, anayelala kwa saa zisizo na utaratibu, na anayelala chali. Msafiri aliyeshuka katika basi amekamilisha masharti hayo yote.

Kila taifa limempa mgeni huyo sura yake. Wajapani humwita kanashibari, yaani kufungwa kwa chuma. Wakazi wa Newfoundland, Kanada, husimulia juu ya bibi kizee anayemkalia mtu kifuani. Mchoraji Henry Fuseli alimchora mwaka 1781 kama kijitu kibaya kilichochuchumaa juu ya mwanamke aliyelala. Sura ni nyingi, lakini mzigo wa kifuani na mwili uliofungwa ni vile vile, kwa sababu shina la ubongo la binadamu ni moja.

Kutokujua jambo hili kumegharimu uhai. Mwaka 1995 hofu ya popobawa ilienea Pemba, kisha Unguja. Watu walihama vyumba vyao wakalala nje kwa makundi huku wakiwasha moto. Hofu kubwa kama hiyo ina sababu nyingi za kijamii, wala haielezwi kwa usingizi peke yake; hata hivyo sehemu ya ushuhuda wa waliosema wamevamiwa, yaani kuamka, kushindwa kujongea, kubanwa na kukosa sauti, yalingana na jinamizi neno kwa neno. Huko Unguja umati ulimuua mtu mmoja mgonjwa wa akili, kwa kumdhania kuwa ndiye popobawa. Jinamizi halikumdhuru mtu. Dhana ndiyo iliyoua.

Anayefikwa na jinamizi asipambane na mwili mzima. Atulize pumzi, ajaribu kusogeza ncha ya kidole cha mkono au cha mguu, na akumbuke kwamba kifungo hicho hufunguka daima. Akilala kwa ubavu na kwa saa za kawaida, halitamrudia mara kwa mara. Likizidi, au likiambatana na kusinzia kusikozuilika wakati wa mchana, yafaa amwone daktari.

MGENI ASIYEBISHA HODI

Hadi hapa chumba namba saba kimetakasika. Lakini bado kichwa kinachogonga, magoti yaliyolegea na moyo uliochafuka havijaelezwa. Bati haliumizi kichwa, na jinamizi halitapishi. Jibu limo katika jiko lililoletwa kwa huruma.

Mkaa ukiungua penye hewa ya kutosha hutoa zaidi gesi ya kaboni dioksidi. Hewa ikipungua, kila chembe ya kaboni hupata oksijeni nusu, na hutoka gesi nyingine iitwayo kaboni monoksidi. Moshi wa kuni huwasha macho na kumkohoza mtu hata akatoka nje. Makaa yaliyokolea hayafanyi hivyo. Huwa mekundu, safi, ya kupendeza, nayo yaendelea kuitoa gesi hiyo kimya kimya. Kutokuwa na moshi si dalili ya usalama. Ni kuondoka kwa onyo.

Gesi hii huingia mapafuni na kushikamana na himoglobini, yaani kitu chekundu katika damu kinachobeba oksijeni. Hushikamana nacho kwa nguvu inayozidi ile ya oksijeni kwa zaidi ya mara 200. Kwa hiyo hata kiasi kidogo katika hewa, mtu akikivuta kwa saa kadhaa, hunyang'anya nafasi za oksijeni. Ubongo na moyo, ambavyo haviwezi kuvumilia njaa hiyo, huathirika kwanza. Kichwa huuma, kizunguzungu huja, nguvu huisha, mawazo huvurugika. Wengi hudhani ni malaria au chakula kibaya. Aliyelala huenda asihisi lolote, akapita kutoka usingizini hadi mautini.

Madaktari wanajua pia kwamba sumu hii huweza kuvuruga fahamu kiasi cha kuzaa visa vya mizimu. Mwaka 1921 William Wilmer, daktari wa macho wa Marekani, alichapisha habari za jamaa moja iliyohamia katika nyumba kongwe mwaka 1912. Watu wa nyumba hiyo walisikia hatua za miguu na kengele, wakaona watu wasiokuwapo; vichwa viliwauma, watoto wakapauka, na mimea ndani ya nyumba ikafa. Hatimaye lilichunguzwa tanuri la kupashia nyumba joto, ikaonekana kwamba limeharibika na kumwaga gesi vyumbani badala ya kuitoa kwa dohani. Tanuri likatengenezwa, na mizimu ikahama.

Kisa cha pili ni cha hoteli, nacho ni cha huzuni. Mwezi wa Aprili mwaka 2013, katika mji wa Boone, jimbo la North Carolina, Marekani, mume na mke wazee walikutwa wamekufa katika chumba chao cha hoteli. Sababu haikujulikana mara moja. Mwezi wa Juni mtoto wa miaka 11 alifia katika chumba kile kile, na mama yake akanusurika akiwa taabani. Chumba kimoja, majuma machache, vifo vitatu. Laiti uchunguzi ungaliishia hapo, chumba hicho kingalisimuliwa milele. Lakini ilibainika kwamba kilikuwa juu ya mtambo wa kupashia joto maji ya bwawa la kuogelea, na bomba la kutolea gesi za mtambo huo lilikuwa limeliwa na kutu. Vipimo vya damu ya wazee wale vilikuwa vimekwisha kuonyesha kaboni monoksidi kabla ya mtoto kufa, ila habari haikuwafikia waliopaswa kukifunga chumba. Mtoto yule hakuuawa na nuksi. Aliuawa na kutu, na baada ya kutu, na ukimya.

KIPIMO CHA MLANGO

Basi mtu aliye peke yake chumbani usiku atajuaje ni mgeni yupi aliyemtembelea? Zipo alama ambazo kila mtu aweza kuzishika.

Mlio unaozidi baada ya jua kuzama na kupungua kadiri usiku unavyokuwa mkubwa, huo ni wa paa. Usingizi wa kugutuka usiku wa kwanza, unaotengemaa katika siku zifuatazo, ni wa mlinzi wa ubongo. Mwili uliofungwa na mzigo wa kifuani, vinavyokoma kwa ghafla na kumwacha mtu mzima wa afya, ni jinamizi; nalo humfika mtu mmoja, hata kama wamelala wanne.

Sumu ya kaboni monoksidi ina alama tofauti. Huwashika wote waliomo chumbani, pengine hata paka au kuku waliolazwa humo. Huambatana na maumivu ya kichwa na kichefuchefu bila homa. Mtu akitoka nje hupata nafuu, na akirudi ndani hali humrudia. Palipo na alama hizi pasiwe na mjadala: wote watoke, milango na madirisha yafunguliwe, jiko au mtambo uzimwe ikiwa waweza kufikiwa bila hatari, na walioathirika wapelekwe hospitali. Katika hewa ya kawaida mwili huchukua saa 4 hadi 5 kuondoa nusu tu ya sumu iliyomo katika damu; kwa oksijeni safi ya hospitali muda huo hupungua kufikia kama saa 1 na nusu au pungufu.

Kinga ni nyepesi kuliko tiba. Jiko la mkaa lisilale ndani na watu, hata kama makaa yamekolea na hata kama yamefunikwa majivu. Kuweka chombo cha maji chumbani hakusaidii, kwa kuwa gesi hii haiyeyuki majini kwa kiasi cha maana. Kulala chini badala ya kitandani hakusaidii pia, maana uzito wake wakaribiana na wa hewa, nayo huchanganyika chumba kizima. Jenereta isiwekwe karibu na madirisha ya wageni. Hita ya maji inayotumia gesi iwe na bomba linalotoa hewa chafu nje, nalo likaguliwe. Vipo pia ving'amuzi vya umeme vinavyolia gesi hii inapoongezeka. Baada ya msiba wa Boone jimbo la North Carolina lilitunga sheria iliyozihusu hoteli katika jambo hilo.

Yule mfanyabiashara wa Njombe aliokoka, lakini si kwa sababu alijua. Alikimbia kivuli kisichokuwapo, na mlango aliouvunjia usingizi wa jirani ndio uliomtoa katika sumu iliyokuwapo. Mgeni mwingine atakayelazwa chumba namba saba, akiletewa jiko lile lile kwa huruma ile ile, huenda asitembelewe na jinamizi la kumwamsha. Mwenye nyumba anayejibu kwamba chumba kina wenyewe amefunga uchunguzi kabla haujaanza. Anayeuliza mgeni alilala na nini, dirisha lilikuwa wazi au limefungwa, na je, wenzake nao waliumwa kichwa, huyo ameanza kazi ya sayansi. Na huenda akawa ameokoa mtu asiyemjua, ambaye bado yumo ndani ya basi, njiani.